Nilikataa bunduki, sasa niko Nairobi: nikiendelea kuandika habari nitanyang'anywa ukimbizi?

"Nilikuwa mtangazaji wa redio ya jamii mjini Bukavu. Kabla waasi wa M23 hawajaingia, vijana wa mtaani kwetu wa Wazalendo, wanamgambo wanaopigana upande wa serikali, walinitaka nijiunge nao, nikakataa. Mji ulipochukuliwa Februari 2025, tulisoma kwa siku tisa matangazo tuliyoletewa yakiwa yameshaandikwa. Kisha zikaanza kukusanywa orodha za vijana wa kupelekwa mafunzoni na jina langu likawemo. Nikavukia Burundi, nikaandikishwa na kuchukuliwa alama za vidole, nikakaa miezi miwili, nikapita Tanzania hadi Nairobi. Sasa nina miezi minne hapa na sijajiandikisha. Mimi na wenzangu wawili tunaendesha ukurasa wa habari za Kivu mtandaoni. Watu wananiambia: asiye mwanasiasa hapewi hifadhi, kukataa vita ni uoga, si ukimbizi, usithubutu kutaja Burundi, na mkimbizi haruhusiwi kuandika habari. Je, nichague kazi au karatasi? Pasipoti nayo inakaribia kuisha. Niende ubalozini?"

Ndugu yangu,

Umeuliza mengi, lakini mzizi wake ni mmoja: unaogopa kwamba karatasi ya ukimbizi utailipia kwa sauti yako. Huhitaji kuchagua. Katika mikataba ya wakimbizi hakuna kifungu kinachomtaka mwandishi aache kuandika ili apewe hifadhi. Mstari usiopaswa kuuvuka upo, na nitakuonyesha ulipo, maana wengi wanauchora mahali pasipo pake. Ila kuna jambo la haraka kuliko hilo, nalo ni hiyo miezi minne.

Sheria ya Wakimbizi ya Kenya ya 2021, iliyoanza kutumika Februari 2022, inamtaka anayeomba hifadhi ajitokeze mwenyewe mbele ya afisa mara anapoingia nchini, na kwa vyovyote ndani ya siku 30. Wewe umeshapitisha. Kuchelewa kutakufanya uulizwe maswali makali, lakini hakufungi mlango. Kinachoharibu zaidi ni kukutwa kwenye msako kabla hujajitokeza, kwa sababu hapo utaonekana umekumbuka ukimbizi ulipoona pingu. Nenda mwenyewe na ueleze ukweli wa kuchelewa kwako, hata kama ukweli huo ni kwamba uliogopa au ulipotoshwa na watu. Usijifariji kwamba Kongo iko ndani ya Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2022. Uanachama huo unakurahisishia kuingia kama mgeni kwa muda, na muda ukiisha haukukingi usirudishwe kwenu.

Ofisi inayohusika ni Idara ya Huduma za Wakimbizi. Beba kitambulisho chochote ulicho nacho, hata kadi ya mpiga kura ya Kongo, pamoja na pasipoti na karatasi yoyote ya Burundi. Utapigwa picha, utachukuliwa alama za vidole, na utapewa hati ya mwomba hifadhi. Kujiandikisha ni bure. Anayekuomba pesa ya "kusukuma faili" ni tapeli, hata akiwa na beji shingoni. Jiandae pia kuelekezwa Kakuma au Dadaab, kwa kuwa sera inataka wakimbizi wakae maeneo yaliyotengwa. Kama unaona kambini utakutana na watu wa upande unaokutafuta, lieleze kwa maandishi tangu siku ya kwanza na uombe ruhusa ya kubaki mjini kwa sababu za usalama. Sheria inataja siku 90 za kuamua ombi. Usipange maisha yako kwa kuzihesabu, maana kwa kawaida mambo huenda polepole zaidi ya hapo.

Sasa Burundi. Waliokuambia uifiche wanakuchimbia shimo. Alama zako ziko kwenye kumbukumbu, na UNHCR, shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi, hutumia mfumo wa alama za vidole na mboni za macho unaoweza kuoanisha mtu aliyeandikishwa nchi nyingine. Ukisema ulitoka Bukavu moja kwa moja, kisha mashine ikaonyesha ulikokaa miezi miwili, msaili hatakuwa na sababu ya kuamini lile la orodha wala lile la bunduki. Njia ya mwongo ni fupi. Isitoshe, hakuna kanuni katika Mkataba wa Geneva wa 1951 inayomlazimisha mtu aombe hifadhi katika nchi ya kwanza aliyokanyaga. Swali halali utakaloulizwa ni hili: kwa nini uliondoka mahali ulipokuwa umeshapokelewa? Jibu mahususi ndilo linalosaidia: nani alikufuata huko, ulimwona wapi, uliambiwa nini. "Maisha yalikuwa magumu" ni kweli ya wengi, lakini haikubebei kesi.

Hili la kwamba asiye mwanasiasa hapewi hifadhi halina msingi. Mkataba unataja sababu tano za kuteswa zinazomfanya mtu awe mkimbizi: rangi au kabila, dini, uraia, kuwa katika kundi fulani la kijamii, na maoni ya kisiasa. Maoni hayo hayahitaji kadi ya chama. Hayahitaji hata kuwa yako, kwani yanatosha yale unayobandikwa na anayekuwinda. Mtangazaji asiyechukua upande wowote anaweza kuonekana adui na pande zote mbili, na hiyo ndiyo hali ya waandishi wengi wa Kivu. Mnamo Januari 2025 Constant Mutamba, aliyekuwa waziri wa sheria mjini Kinshasa, alitishia adhabu ya kifo kwa wanaosambaza habari za shughuli za jeshi la Rwanda na M23. Upande wa pili wewe mwenyewe umeuona. Na Bukavu si mgeni wa misiba ya kazi hii: Serge Maheshe wa Radio Okapi alipigwa risasi mjini humo Juni 2007, na mwenzake Didace Namujimbo akauawa hapohapo Novemba 2008.

Tangazo hilo la Mutamba lihifadhi vizuri, kwa sababu karibu hakika utaulizwa: "Kwa nini hukuhamia Kinshasa?" Jibu lako ni kwamba aliyesoma redioni matangazo ya M23, hata kwa kulazimishwa, hawezi kwenda Kinshasa akawa na uhakika wa kueleweka. Vilevile Mkataba wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika wa 1969, ambao Kenya inaufuata, una tafsiri pana zaidi. Unamtambua anayekimbia uvamizi, ukaliaji wa kigeni au machafuko makubwa yaliyo katika sehemu au nchi nzima. Hilo neno "sehemu" lina uzito, kwa sababu linapunguza nguvu ya hoja ya Kinshasa.

Utaniuliza basi, kama vita peke yake inatosha, ya nini kujisumbua na maoni ya kisiasa? Sababu ni mbili. Nchi nyingi za nje ya Afrika hupima hasa kwa Mkataba wa 1951, kwa hiyo ukihitaji kuhamishiwa nchi ya tatu ile sababu binafsi ndiyo itakayotazamwa. Pili, vita ikitangazwa kuwa imekwisha, aliyetambuliwa kwa sababu ya vita tu ndiye wa kwanza kuambiwa arudi nyumbani. Kwa hiyo ziweke sababu zote mbili katika maelezo ya kwanza kabisa. Ukiongeza ya pili mwaka ujao itaonekana umeitunga.

Tuje kwenye bunduki, maana hapa pana mkanganyiko hata kwa wanaojua sheria. Dola ina haki ya kuwaita raia wake jeshini kwa sheria. Anayekwepa kwa sababu tu hapendi kambi au anaogopa kufa, kwa hilo peke yake hawi mkimbizi. UNHCR lilitoa mwongozo wake namba 10 Desemba 2013 kuhusu suala hili hili. Ukimbizi unaweza kuanza pale dhamiri au imani ya kweli inapokataa kuua na dola haitoi njia nyingine ya kutumikia. Pale vita yenyewe inapoendeshwa kwa uhalifu ambao ungeshirikishwa. Pale adhabu ya kukataa inapopita kiasi au inapolenga watu wa aina fulani. Au pale hali ya utumishi inapofikia mateso.

Mahakama hazitoi ulinzi huu kwa urahisi. André Shepherd, fundi wa helikopta wa jeshi la Marekani, alitoroka kikosi chake Ujerumani mwaka 2007 asirudishwe Iraq. Februari 2015 Mahakama ya Umoja wa Ulaya ilikubali kwamba hata fundi asiyefyatua risasi anaweza kulindwa, lakini ikamtaka aonyeshe kwamba uhalifu wa kivita ulikuwa na uwezekano mkubwa wa kutokea na kwamba hakuwa na njia nyingine ya kujitoa. Mwishowe hakufaulu. Tofauti yake ni kijana wa Syria ambaye kesi yake ilitolewa uamuzi na mahakama hiyohiyo Novemba 2020. Kwao hakukuwa na njia halali ya kukataa jeshi, na vita ilijaa uhalifu wa wazi. Mahakama ikasema katika hali ya namna hiyo ipo dhana nzito kwamba kukataa kunahusiana na maoni ya kisiasa au mojawapo ya sababu nyingine za mkataba. Hukumu hizi haziifungi Kenya, lakini wakili mzuri huzitumia kuonyesha njia ya kufikiri.

Kesi yako kwa upande mmoja ni rahisi kuliko hizo. Jeshi la Kongo huchukua wanaojitolea, na ingawa ibara ya 63 ya katiba inaruhusu sheria kuanzisha utumishi wa lazima, wewe hukuitwa kwa sheria. Kundi lenye silaha lisilo dola halina haki yoyote katika sheria ya kimataifa ya kumlazimisha mtu kubeba silaha. Kwa hiyo huna haja ya kuthibitisha kwamba umekuwa mpenda amani tangu ubatizo. Ila tarajia swali moja la hila. Kinshasa ilipitisha sheria ya jeshi la akiba mwaka 2023, na baadhi ya Wazalendo hujiona sehemu yake, basi msaili anaweza kuuliza kama wito wao ulikuwa wa dola. Usibishane naye juu ya sheria. Eleza nani alikuja, saa ngapi, alivaa nini, alikuwa na karatasi gani au hakuwa nayo, na alikuahidi nini ukikataa.

Swali litakaloamua ni "kwa nini wewe?" Kama walikuwa wakikamata kila kijana aliyepita njiani, uhusiano na zile sababu tano unakuwa mwembamba, na utabaki kulindwa na mkataba wa Afrika tu. Kama kukataa kwako kulitafsiriwa kuwa umeegemea adui, au walikutaka kwa sababu sauti yako inajulikana redioni, hapo pana maoni ya kubandikwa. Yakumbuke maneno yaliyosemwa, na uyaseme kwa lugha iliyotumika. Kama hukupigwa, usiongeze kipigo. Kesi nyingi zenye ukweli wa kutosha huanguka kwa sababu ya chumvi iliyotiwa juu yake.

Zile siku tisa za kusoma matangazo ya wengine nadhani ndizo zinazokunyima usingizi kuliko yote, ingawa umezipitia kwa sentensi moja. Mkataba wa 1951, ibara ya 1F, unamnyima ukimbizi aliyeshiriki uhalifu wa kivita au dhidi ya ubinadamu, na mtangazaji hakusamehewa kwa kuwa silaha yake ni kipaza sauti. Mahakama ya Arusha iliyoshughulikia mauaji ya kimbari ya Rwanda ilimfunga Georges Ruggiu, mtangazaji wa RTLM, redio iliyochochea mauaji hayo, miaka 12 baada ya kukiri kosa mwaka 2000. Kilichohukumiwa pale ni uchochezi wa watu kuuawa. Kusoma tangazo la salongo, yaani kazi za pamoja za usafi, la kufungua maduka au la saa za kutotembea usiku, huku mwenye bunduki amesimama mlangoni, ni jambo lingine kabisa. Andika unachokumbuka cha kila siku kati ya hizo tisa: maandishi yaliletwa na nani, yalisema nini, ulikataa kipi, nini kingetokea kama ungekataa vyote. Kama miongoni mwake lilikuwamo tangazo la kutaja watu kwa majina wakamatwe, au la kutukana kabila, usiende kwenye usaili kabla hujakaa na wakili. Hapo ndipo msaada wa ana kwa ana hauna mbadala.

Sasa kazi yenyewe. Waliokuambia mkimbizi haruhusiwi kuandika hawakulitoa hewani. Ibara ya III ya ule mkataba wa Afrika inamtaka mkimbizi ajiepushe na vitendo vya kuhujumu nchi yoyote mwanachama, na inazitaka serikali zimzuie kuzishambulia kwa vitendo vinavyoweza kuleta mvutano kati ya nchi, hasa kwa silaha, kwa magazeti au kwa redio. Ndiyo, magazeti na redio yametajwa waziwazi. Uliandikwa Addis Ababa, Septemba 1969, na viongozi waliokuwa wakiogopana kwa sababu ya wapinzani waliokimbilia kwa majirani. Lakini usome mpaka mwisho: kinachokatazwa ni kushambulia. Kuripoti kwamba kijiji fulani cha Kalehe kimehamwa, ukiwa na mashahidi wawili na ukiwa umeupa nafasi upande unaolaumiwa, hakushambulii nchi.

Katiba ya Kenya ya 2010 inakupa kipimo kizuri zaidi. Ibara ya 33 inampa uhuru wa kujieleza "kila mtu", na wewe ni mtu. Ibara ya 35, ya haki ya kupata taarifa za serikali, inasema "kila raia", na hiyo si yako. Halafu ibara hiyohiyo ya 33 inatoa nje ya ulinzi wake propaganda ya vita, uchochezi wa ghasia na matamshi ya chuki. Mstari niliokuahidi uko hapo. Kuwaita vijana waende msituni, kuchangisha pesa za silaha, kutangaza askari wamelala wapi ili upande mmoja uwafuate, kurusha sauti ya kamanda anayetukana kabila bila kuikatiza: ukifanya hayo umeacha uandishi na umeingia vitani, na sheria ya Kenya inaruhusu mkimbizi kufukuzwa kwa sababu za usalama wa taifa. Ukurasa wenu una sehemu ya maoni ya wasomaji? Ifungeni, au mmoja wenu aisafishe kila siku. Matusi ya wasomaji yatasomwa kama yenu.

Jua pia kwamba sheria ni kitu kimoja na urafiki wa majirani ni kingine. Redio huru za Burundi zilipoharibiwa Mei 2015, waandishi wake wengi walikimbilia Kigali na kuendelea kurusha habari wakiwa huko. Machi 2021, Rwanda na Burundi zilipoanza kupatana, Rwanda ilizisimamisha redio hizo za wakimbizi. Hazikuhitaji kuvuka mstari wowote. Upepo wa kidiplomasia ulitosha. Kwa hiyo msiweke kila kitu Nairobi. Anwani ya tovuti iandikishwe kwa jina la mwenzenu aliye nchi nyingine, mtambo unaohifadhi kurasa uwe nje, wasimamizi wawe angalau wawili walio katika nchi tofauti, na nakala ya kila kilichochapishwa ihifadhiwe kila wiki kwenye diski ambayo haiishi nyumbani kwako. Mmoja akinyamazishwa, ukurasa usizimike naye.

Kuandika kwenye ukurasa wenu hakukufanyi mwandishi aliyesajiliwa Kenya. Ukitaka kubeba kamera kwenye maandamano ya Nairobi, au kuajiriwa na chombo cha habari cha hapa, utahitaji kitambulisho cha Baraza la Vyombo vya Habari la Kenya, na kwa ajira, kibali cha kazi cha daraja M, ambacho mkimbizi aliyetambuliwa hakilipii ada. Mwomba hifadhi bado hajafika hapo. Kupiga picha ndani ya kambi kunahitaji ruhusa yake pia. Kwa miezi ya mwanzo, baki na habari za Kivu.

Na makala zako zinaweza kukusaidia kwenye ombi. Mtu anaweza kuwa mkimbizi kwa mambo yaliyotokea baada ya kutoka kwao. Ukitishiwa leo kwa makala uliyoandika jana hapa Nairobi, tishio hilo ni sehemu ya kesi yako. Tatizo ni jina. Ukiandika kwa jina lako, ushahidi ni wazi lakini jamaa zako Bukavu wanagongewa mlango. Ukitumia jina la kupanga, wao wanapumua lakini wewe unabaki bila uthibitisho. Ningechagua jina la kupanga kwa wote watatu, kisha muwe na daftari moja linaloonyesha nani aliandika nini na tarehe gani, lenye saini zenu, lihifadhiwe kwa wakili. Ongeza kadi yako ya umoja wa wanahabari wa Kongo kama unayo, ratiba ya vipindi yenye jina lako, na barua ya mhariri. Mashirika kama Journaliste en Danger, Waandishi Wasio na Mipaka na DefendDefenders ya Kampala huchunguza kwanza ndipo huandika, kwa hiyo waandikie mapema; barua haitapatikana kwa juma moja.

Vitisho vya simu watu huviharibu kwa mikono yao. Picha ya skrini iliyokatwa ikabaki sentensi moja haina namba, haina tarehe, na haithibitishi kitu. Hamisha mazungumzo yote kama faili kutoka ndani ya programu, hifadhi ujumbe wa sauti katika hali yake ya asili, na usifute kilichotangulia hata kama kinakuaibisha. Ujumbe unaojifuta uwashe kwa mazungumzo na vyanzo vyako, kamwe si kwa mazungumzo yenye vitisho.

Kuna mtego mwingine ambao wengi hawaufikirii: ile laini yako ya Kongo. Laini isiyotumika kwa miezi hufungwa na kuuzwa kwa mtu mwingine, naye akiandikisha WhatsApp kwa namba hiyo, waliokuwa wakikuandikia wewe watamwandikia yeye. Kama kadi bado unayo, ingia kwenye mipangilio ya akaunti na uhamie namba mpya kabla haijakatwa. Washa uthibitisho wa hatua mbili wenye tarakimu sita, kagua vifaa vilivyounganishwa na uondoe usivyovitambua, na nakala rudufu uziwekee usimbaji wa mwanzo hadi mwisho. Simu ifunguliwe kwa namba ya siri badala ya kidole, kwa sababu kidole chako kinaweza kulazimishwa ukiwa umeshikwa. Kuhusu walio Bukavu: kugeuza sauti ya shahidi kwa programu hakutoshi, maana mara nyingine inaweza kurudishwa, na jirani humtambua mtu kwa jinsi anavyoyapanga maneno. Mwenzako asome maneno yake upya. Kama habari ilishuhudiwa na watu wanne tu, kuficha jina la mmoja hakumfichi; subiri mpaka walioijua wawe wengi.

Nairobi yenyewe ina raha na hatari zake. Oktoba 2024 raia wanne wa Uturuki waliokuwa wakimbizi walitekwa jijini wakarudishwa kwao, na serikali ikakiri kuwarudisha. Novemba hiyo Kizza Besigye, mwanasiasa wa upinzani wa Uganda, alichukuliwa hapa akaibukia mahakama ya kijeshi Kampala. Januari 2025 Maria Sarungi Tsehai, mwanaharakati wa Tanzania, alitekwa Kilimani na kuachiwa baada ya saa chache. Mwandishi asiye na jina kubwa hawindwi kwa urahisi huo, lakini chukua tahadhari za kawaida. Anayejiita afisa wa wakimbizi akitaka mkutane hotelini, kataa. Usaili hufanyika ofisini. Watu wawili wajue kila siku unakwenda wapi, na wawe na namba ya wakili wako.

Siku ya usaili utapewa mkalimani. Omba mapema wa Kiswahili cha Kivu, au Kifaransa, au Kimashi ikiwa ndicho unachokimudu zaidi. Mkenya anaweza kukusikia akaona amekuelewa huku amekosea cheo cha askari au jina la mtaa. Tarehe zako kama unazitaja kwa Kifaransa, hakikisha zimeandikwa sawasawa. Una haki ya kumkataa mkalimani unayemwogopa, ila lisemwe mwanzoni. Usipokumbuka tarehe, sema "wiki ya kwanza baada ya mji kuchukuliwa" badala ya kubuni siku. Mwisho omba usomewe kilichoandikwa kabla hujasaini. Ukinyimwa, una siku 30 za kwenda Kamati ya Rufaa, na baada yake Mahakama Kuu. Siku hizo hesabu tangu ulipopewa barua, kwa hiyo andika juu yake tarehe uliyoipokea.

Pasipoti iache iishe. Kuomba mpya ubalozini kwa hiari yako, ukapewa, huchukuliwa kwamba umerudi chini ya ulinzi wa serikali unayosema unaikimbia, na ukomo wa ukimbizi unaweza kuanzia hapo. Cheti cha kuzaliwa au cha ndoa hakihesabiwi hivyo, lakini hata hicho mtume wakili aulize kwanza. Ukishatambuliwa, utaomba hati ya kusafiria ya mkimbizi. Na usirudi Bukavu "kwa siku tatu tu" kwa mazishi wala kwa kuchukua vyeti. Floriane Irangabiye, mwandishi wa Burundi aliyekuwa akiishi Rwanda, alirudi kutembelea familia Agosti 2022, akakamatwa, na Januari 2023 akahukumiwa miaka 10. Aliachiwa kwa msamaha wa rais Agosti 2024, baada ya takriban miaka miwili gerezani.

Kuhamishiwa nchi ya tatu usikutegemee. Nafasi ni chache, Marekani ilisimamisha mpango wake wa kupokea wakimbizi Januari 2025, na UNHCR haliuzi nafasi kwa mtu yeyote.

Wiki hii tafuta wakili wa wakimbizi. Refugee Consortium of Kenya na Kituo cha Sheria hutoa msaada wa kisheria bila malipo. Nenda kabla ya kujiandikisha kama ukiweza, lakini foleni ya wakili ikiwa ndefu usiifanye sababu ya kuongeza mwezi wa tano. Ukipigiwa simu na mtu wa ubalozi, ukiona gari lilelile mara ya pili nje ya nyumba, au polisi wakikushika, hapo hakuna kusubiri foleni: piga kwa wakili na UNHCR saa hiyohiyo. Kwenye mkutano wa kwanza peleka maelezo yako ya zile siku tisa, daftari la makala, faili za vitisho, na ile karatasi ya Burundi kama bado hujaichana.